Kigugumizi cha Miguu

Usiku wa kwanza nilidhani ananikejeli.
Ng'ambo ya kope, katika Birere isiyo na kelele,
nilimkuta mwanamke mwenye shingo ndefu kama usukani wa chukudu
amesimama mbele ya ufa, upana wake kiganja,
na miguu yake inasema pa- pa- pa-
kama mtu anayetaka kutamka *pamoja*, asifike.
Kiwiliwili kimeshaondoka.
Nyayo bado.

Una nini? nikamwuliza.
Kigugumizi, akasema. Kilianza ulimini.
Tukayatema maneno yote, tukadhani tumepona,
kumbe kilikuwa kinashuka.

Wote wanacho, nilikuja kujua.
Muuza makala hukwama kwenye kila kizingiti,
na magunia ya kule hayana hata uzito.
Watoto hukimbia vizuri mpaka waitwe:
ukitaja jina tu, goti linajifunga kufuli.
Hata ndege. Juu ya Himbi yao nilimwona mwewe
amenasa hewani, mabawa yakitetemeka,
haanguki, haendi.

Wengine wanalaumu ardhi.
Wanasema jiwe lile lilikuwa moto uliotembea,
likapoa kabla ya kumaliza safari,
na anayelikanyaga anaambukizwa usahaulifu wake.
Wengine wanatulaumu sisi tunaolala:
tunaamka katikati ya hatua zao,
tunawaacha na mguu mmoja juu.

Mimi naamini hili la pili.
Huku Goma tunaamka vibaya.
Mlio mmoja upande wa Kibati,
tumeshakaa kitandani, viatu miguuni,
mtoto mgongoni, sufuria mkononi,
na hatujui bado tumesikia nini.

Mimi ni Kasoki, fundi cherehani wa Majengo.
Chaki yangu hulala nami, mfukoni.
Usiku wa sita, au wa tisa, sikuhesabu,
niliinama nikachora mstari mweupe juu ya jiwe jeusi
mbele ya vidole vya yule mwenye shingo,
kama ninavyochora pindo la sketi.
Akauvuka.
Hakushukuru. Aliutazama mguu wake
kama mtu aliyerudishiwa sahani
aliyomwazima jirani mwaka wa msiba.

Basi nikachora mwingine, na mwingine,
mstari kwa mstari mpaka Kituku,
mgongo ukiniuma uchungu wa kweli ndani ya usingizi.
Siwezi kusema walitembea vizuri.
Walitembea kama cherehani yenye mkanda uliolegea:
tak, tak,
kimya,
tak.
Lakini walifika majini, na mmoja akacheka
kwa sauti iliyomchelewa, ikamfikia akiwa ameshanuna.

Mchana Muhindo ananiuliza chaki inakwenda wapi,
boksi zima kwa wiki.
Wateja wengi, namwambia.
Anaitazama meza yangu, suruali moja ya shule
na kitenge ambacho mwenyewe hajarudi tangu Pasaka.
Anameza mate, hasemi kitu.

Siku hizi siamki hivi hivi. Naomba ruhusa.
Shusheni miguu kwanza, nawaambia,
wote, na wewe mwewe pia,
ndipo nafumbua.

Jana alfajiri nilishika bidoni mbili niende ziwani.
Mlangoni mguu ukakataa.
Pa- pa- pa-.
Nikaelewa papo hapo, na mwili ukanisisimka:
mahali fulani, kitanda fulani,
kuna aliyekuwa ananiota
akashtuka.

Nilisubiri. Bidoni zilikuwa tupu, hiyo ni nafuu.
Maji ya chai ya Muhindo hayakuwepo, hiyo si nafuu.
Akapita Asifiwe, mtoto wa nyumba ya pili,
anaburuta kipande cha makala kwenye saruji yetu,
anachora reli ya treni asiyowahi kuiona,
mdomo wake ukivuma.
Reli ikapita mbele ya vidole vyangu.

Nikaivuka.
Sikumshukuru. Nilikuwa nautazama mguu.